Kung'atwa mkononi: namba kwenye karatasi ya kliniki zinasema nini, na hazisemi nini

Mbwa wa jirani alimng'ata mwanangu huku Marekani. Meno yaliacha alama mgongoni mwa kiganja cha kulia, damu haikutoka. Karatasi ya kliniki ina S60.571A na W54.0XXA. Huo ni ugonjwa gani?

Si ugonjwa. Ni misimbo ya ICD-10, mfumo wa Shirika la Afya Duniani (WHO) wa kuyapa magonjwa na majeraha namba. Marekani ina toleo lake, refu kuliko la wengine, na hospitali zake zililianza Oktoba 2015. S60 ni majeraha ya juujuu ya kifundo cha mkono, kiganja na vidole. Tarakimu 57 zinasema ni kiganja kilichong'atwa juujuu, na aliyeng'ata si mdudu. Ile 1 ni mkono wa kulia. Wa kushoto ungepewa 2, na 9 huwekwa pale upande usipoandikwa. W54.0 inataja chanzo, yaani mbwa. Herufi XX hazina maana yoyote, zinajaza nafasi tu ili A ifike nafasi ya saba.

Hiyo A maana yake ni ziara ya kwanza?

Wengi huisoma hivyo, wakiwemo baadhi ya wahudumu. A inamaanisha jeraha bado linatibiwa. Mtoto akirudishwa siku ya tatu mkono umevimba na daktari akaanza dawa mpya, inabaki A. Matibabu yakiisha, mkaenda tu kuangalia kama unapona vizuri, ndipo huja D. S ni ya madhara yaliyobaki baadaye, kama kovu linalokaza ngozi.

Kama ngozi ingetoboka?

Msimbo ungehamia S61.451A, jeraha wazi la kung'atwa kwenye kiganja cha kulia. Kidole gumba kina namba zake, vidole vingine pia, na huangaliwa kama ukucha umeharibika. Anayeweka misimbo mara nyingi hakumwona mgonjwa. Anasoma alichoandika daktari. Kwa hiyo mwambie daktari waziwazi: mnyama gani, mkono upi, damu ilitoka au haikutoka, na tukio lilikuwa wapi. Ukisema "kang'atwa kidogo tu", utaandikiwa kidogo tu.

Na udogo wa kidonda mkononi hudanganya. Meno ya paka ni membamba, yanaacha tundu dogo juu huku yakipeleka bakteria chini kabisa, karibu na kano na viungo. Aliyempiga mwenzake ngumi ya mdomo akachanika kwenye kifundo cha kidole naye amwone daktari siku hiyohiyo, hata kama mchano ni mdogo. Jino linaweza kuwa limefika kwenye kiungo, na vidole vikinyooka ngozi inafunika njia. Wengi huona aibu kueleza kisa, wanasema wamejikata na bati. Daktari akiamini ni bati, atatibu bati.

Basi "juujuu" maana yake hakuna hatari ya kichaa cha mbwa?

Hapana, na hapa ndipo watu wanapopotea. S60 inaeleza hali ya ngozi, haijui kama mbwa ana virusi. Kuna msimbo mwingine, Z20.3, wa mtu aliyehisiwa kukutana na kichaa cha mbwa, nao unaweza kuandikwa pamoja na jeraha dogo kabisa. WHO inagawa matukio haya katika makundi matatu. Kung'atwa kwenye ngozi isiyofunikwa na nguo bila damu kutoka, au mkwaruzo mdogo usiotoa damu, ni kundi la pili: osha, kisha chanjo mara moja. Jino likipenya ngozi, hata tundu moja, ni kundi la tatu: chanjo pamoja na imunoglobulini, yaani kingamwili zilizo tayari, inayodungwa ndani na kandokando ya kidonda. Mkono una mishipa mingi ya fahamu, na virusi hivi husafiri kwa mishipa hiyo hadi kwenye ubongo. Dalili zikishaanza, karibu kila mgonjwa hufa.

Kuosha kunaanzia nyumbani: maji yanayotiririka na sabuni, dakika 15 kamili, ukiangalia saa. Usipake mafuta ya taa, pilipili wala majivu. Chanjo ya pepopunda nayo iulizwe.

Huko Marekani, mbwa mwenye afya ambaye mmiliki wake anajulikana huweza kuangaliwa siku 10 kabla ya kuamua chanjo. Afrika Mashariki, ambako kichaa cha mbwa bado kipo, usikae ukimsubiri mbwa: anza sindano, na daktari atazisimamisha mbwa akibaki mzima baada ya siku hizo 10.

Misimbo hii ni ileile Tanzania na Kenya?

Mzizi ni mmoja, matawi si yale yale. Toleo la kimataifa la ICD-10 halitaji kulia wala kushoto, na jeraha kama la mwanao linaingia S60.8. Tofauti ya kuchekesha, na ya kuponza, iko kwenye W54.0. Marekani ni kung'atwa na mbwa. Katika toleo la WHO, ile 0 inataja mahali: mbwa alimdhuru mtu nyumbani. Ingekuwa barabarani ingeandikwa W54.4. Ukihamia nchi nyingine na karatasi zako, daktari mpya asome maelezo, asitegemee namba.

Na nyoka?

Nyoka mwenye sumu hayumo humu kabisa. Ni T63.0, na ni kukimbilia hospitali.

Wameandika mkono wa kushoto badala ya kulia. Nifanye nini?

Piga simu kliniki, omba rekodi isahihishwe na dai lipelekwe upya kwa bima. Usilipe bili iliyokataliwa kabla hujauliza kama sababu ni msimbo. Kama damu ilitoka nao wakaandika juujuu, usiishie kwa karani. Rudi kwa daktari, maana hapo imunoglobulini inaweza kuwa imerukwa.