"Alikosa ustelingi": dhana zinazonichosha kuhusu Jeroen Krabbé

Kila muhula nikiwaonyesha wanafunzi wangu wa uigizaji vipande vya filamu za mwigizaji Mholanzi Jeroen Krabbé, hakosi mmoja wa kuuliza: "Mwalimu, mbona unatufundisha kwa mtu ambaye si stelingi?" Safari hii nimeulizwa mara tatu kabla ya chai ya saa nne. Basi nijibu kwa maandishi, nipumzike.

Dhana: Mwigizaji msaidizi ni mtu aliyeutafuta ustelingi akaukosa.

Hesabuni miaka kwanza. Mwaka 1977, katika Soldaat van Oranje ya mwongozaji Paul Verhoeven, stelingi ni Rutger Hauer. Krabbé ni rafiki yake, Guus. Mwaka 1980 Verhoeven akatengeneza Spetters, nafasi za mbele akawapa vijana. Hauer na Krabbé, wakati huo majina makubwa kwao, wakaingia pembeni: mmoja bingwa wa mbio za pikipiki, mwingine mtangazaji wa runinga. Mwaka 1983 Krabbé akawa mhusika mkuu wa De vierde man. Miaka minne baadaye yumo kwenye James Bond, The Living Daylights, akiwa Jenerali Koskov, msaidizi tena. Hapo alishushwa cheo lini? Uholanzi ina watu milioni 18 hivi. Katika soko dogo namna hiyo, anayengojea nafasi ya mbele tu atangoja sana.

Halafu kuna The Fugitive ya 1993, ambayo ndiyo hasa inayonipandisha mori, kwa sababu wote mmeitazama na hakuna aliyemwona Krabbé. Yeye ni Dokta Charles Nichols. (Nitafichua siri, filamu ina zaidi ya miaka thelathini, asiyeitazama ajilaumu.) Nafasi ilikuwa ya Richard Jordan, akaugua, Krabbé akachukua mahali pake. Mwanzoni tu, kwenye hafla, Nichols anamrudishia Kimble, mhusika mkuu na daktari mwenzake ambaye baadaye anasingiziwa kumuua mkewe, funguo za gari aliloliazima. Tabasamu, ahsante, basi. Baadaye Kimble akiwa mkimbizi, ni Nichols anayempa pesa. Mwishoni ndipo unagundua kuwa funguo zile ndizo zilizomwingiza muuaji nyumbani kwa Kimble bila kuvunja mlango, na kwamba rafiki ndiye mwenye njama.

Sasa jiulizeni kazi ya mwigizaji hapo ni nini. Akionyesha ubaya mapema, fumbo limekufa. Akiwa mwema kupita kiasi, mtazamaji ataona kadanganywa. Inabidi kila tendo lisomeke mara mbili: leo kama urafiki, kesho kama unafiki, na uso uwe uleule. Stelingi ana dakika nyingi za kurekebisha kosa. Msaidizi ana chache, akiteleza hapo basi. Na Oscar ya uigizaji kwa filamu hiyo alipata Tommy Lee Jones, yule anayemwinda Kimble: Oscar ya mwigizaji msaidizi.

Zoezi langu mnalijua na mnalikwepa: zimeni sauti, mtazameni Nichols tu, hasa anaposikiliza wenzake. Sitaacha kulidai.

Dhana: Lafudhi ilimponza.

Lafudhi ndiyo iliyomlisha. Koskov ni Mrusi. Katika Crossing Delancey ya 1988 Krabbé ni mwandishi wa riwaya kutoka Ulaya, mwenye maneno matamu. Angeongea kama mzaliwa wa Chicago, nani angemwita? Malalamiko yangu ni mengine: Hollywood ikisikia sauti ya Ulaya huwaza adui au laghai, na mlango huo ni mwembamba. Lakini anayefuta lafudhi yake kwenye usaili anafuta na sababu ya kuitwa.

Dhana: Hollywood ilipopunguza simu, alikwisha.

Mwaka 1998 aliongoza Left Luggage, akaigiza ndani yake pia. Mwaka 2004 alikuwa kwenye Ocean's Twelve. Tena ni mchoraji, na si wa kupoteza muda: kazi zake zimeonyeshwa Museum de Fundatie, Zwolle. Mwaka 2015 alitangaza kipindi cha runinga cha Uholanzi akifuata nyayo za Van Gogh, na alizungumza kuhusu rangi kama mtu ambaye mikono yake inazijua.