Kuongezewa muda wa kukata rufaa maana yake nini?

Mtu ameshindwa kesi ya kiwanja, ana hoja nzito kabisa, anafika masjala na rufaa yake mkononi, anaambiwa siku zimepita. Hapo ndipo watu wengi hukata tamaa, au hufanya kosa kubwa zaidi: wanaifungua rufaa hivyo hivyo wakitumaini upande wa pili hautagundua. Hata upande wa pili ukinyamaza, mahakama yenyewe itauliza, na rufaa iliyofunguliwa nje ya muda bila ruhusa huondolewa bila hoja hata moja kusikilizwa.

Njia ya halali ni kuomba kwanza kuongezewa muda. Haya ni maombi yanayojitegemea, yanayoambatana na hati ya kiapo, yaani maelezo ya maandishi yaliyoapwa, ambamo mwombaji anaieleza mahakama kwa nini alichelewa. Kwa Tanzania msingi wake uko katika Sheria ya Ukomo wa Muda, Sura ya 89, na katika sheria za mahakama husika. Neno kubwa katika sheria hizo ni "sababu ya kutosha", na sheria haikuorodhesha sababu zenyewe. Imemwachia hakimu au jaji apime.

Muda wenyewe hutofautiana. Kutoka Mahakama ya Mwanzo kwenda ya Wilaya ni siku 30. Kutoka Baraza la Ardhi na Nyumba la Wilaya kwenda Mahakama Kuu, kwa shauri lililoanzia barazani, ni siku 45. Kwenda Mahakama ya Rufani, taarifa ya kusudio la kukata rufaa hutolewa ndani ya siku 30 tangu uamuzi.

Sasa, hakimu anapima nini? Mwongozo unaotajwa karibu kila siku mahakamani ni wa Mahakama ya Rufani katika shauri la Lyamuya Construction, maombi namba 2 ya mwaka 2010. Mwombaji aeleze muda wote aliochelewa; ucheleweshaji usiwe wa kupindukia; aonyeshe alikuwa akifuatilia, hakuzembea; na mahakama inaweza kuangalia sababu nyingine nzito, kama vile uamuzi kuwa na uharamu wa wazi.

Hilo la kwanza ndilo linaloangusha wengi, na linaniuma kwa sababu lingeweza kuepukika. Chukua mfano. Hukumu ya baraza imetolewa tarehe 4 Machi na mama akapewa nakala siku hiyo hiyo. Siku 45 zinaisha tarehe 18 Aprili. Tarehe 10 Aprili amelazwa, akaruhusiwa tarehe 6 Mei, na maombi kayafungua tarehe 3 Juni. Anaambatisha cheti cha hospitali na kuamini amemaliza. Lakini kutoka tarehe 7 Mei hadi 2 Juni kuna siku 27 ambazo kiapo chake hakizisemi. Ugonjwa ni sababu nzuri, ila unaeleza siku za kulazwa tu. Kama alikuwa akijiuguza nyumbani, au akitafuta wa kumwandikia, aseme hivyo kwa tarehe na vielelezo. Mahakama ya Rufani imesema mara nyingi kwamba hata siku moja lazima itolewe maelezo. Na kama kijana wake ndiye aliyekuwa akifuatilia masjala, basi kijana naye aape kiapo chake. Maneno ya mtu aliyetajwa tu, asiyeapa mwenyewe, huhesabiwa kuwa ya kusikia kwa mwingine.

Kutojua sheria hakukubaliki kama sababu. Uzembe wa wakili kwa kawaida nao haukubaliki, ingawa mteja ndiye anayeumia. Kusubiri nakala za hukumu husaidia pale sheria inapozitaka, mradi tarehe ya kuziomba na ya kuzipokea zionekane. Rufaa inayotoka Mahakama ya Mwanzo haihitaji kuambatishwa nakala, hivyo kisingizio hicho hakifui dafu huko. Aliyefungua rufaa ndani ya muda ikaondolewa kwa kasoro ana nafuu zaidi: tangu uamuzi wa Fortunatus Masha dhidi ya William Shija wa 1997, muda aliokuwa mahakamani na rufaa hiyo husamehewa, mradi alirudi upesi baada ya kuondolewa.

Uharamu nao usichanganywe na kutoridhika na hukumu. Uwe unaonekana kwenye kumbukumbu bila kuchimba, kwa mfano mahakama haikuwa na mamlaka, au mtu aliamuliwa bila kusikilizwa.

Maombi haya peke yake hayasimamishi ukazaji wa hukumu, yaani kutekelezwa kwake. Dalali wa mahakama anaweza kuja wakati bado unasubiri tarehe. Na ruhusa ikitoka, mahakama hutaja siku ulizopewa, tuseme 14. Ukizipitisha, utarudi na kiapo kipya, chenye siku nyingi zaidi za kueleza.