Je, wajua kwa nini sinema ya Wanazi ilimhitaji mwigizaji kutoka Dar es Salaam?

Mtazamaji makini wa filamu za Kijerumani za miaka ya 1930 angeweza kumtambua mtu mmoja mweusi aliyejitokeza mara kwa mara, leo akiwa mtumishi, kesho mpagazi, keshokutwa askari aliyesimama nyuma ya afisa wa Kizungu. Mtu huyo alizaliwa Dar es Salaam mwaka 1904 na kupewa jina la Mahjub bin Adam Mohamed, ingawa Ujerumani alijulikana kama Bayume Mohamed Husen. Kati ya 1934 na 1941 alionekana katika filamu zipatazo 20. Inakuwaje basi utawala uliohubiri ubora wa damu ya Kizungu umlipe Mwafrika mshahara ili asimame mbele ya kamera?

Chanzo chake ni makoloni yaliyopotea. Mkataba wa Versailles wa 1919, uliofuata Vita Kuu ya Kwanza ya Dunia, uliinyang'anya Ujerumani makoloni yake yote, ikiwemo Tanganyika, na Wajerumani waliotamani kuyarudisha hawakuwa wachache. Kwa kuwa nchi zenyewe hazikuwa tena mikononi mwao, sinema ikawa mahali pa kuzitawala upya, na hadithi ya ukoloni haiwezi kuigizwa bila Waafrika. Studio zikawageukia wale waliokuwa wakiishi Ujerumani tayari, hasa watu wa Kamerun na makoloni mengine ya zamani, ambao wakati huohuo walikuwa wakifukuzwa katika ajira za kawaida kwa sababu ya rangi yao. Kwa hiyo ubaguzi uliowafungia milango mingine ndio uliowasukuma kwenye mlango huu mmoja, na ndani yake walikuta nafasi za namna mbili tu: mtumishi mwaminifu au adui mkali.

Husen aliifaa nafasi ya kwanza kuliko yeyote, kwa sababu alikuwa ameiishi. Baba yake alikuwa askari mwenye asili ya Sudan katika jeshi la Wajerumani, naye mwenyewe aliingia katika vita hivyo akiwa bado mtoto, akajeruhiwa Mahiwa, katika eneo la Lindi, mwaka 1917 na kutekwa na Waingereza. Baadaye alifanya kazi melini, na mwaka 1929 akafika Berlin kudai malipo ya kijeshi ambayo yeye na baba yake hawakuwahi kupewa. Wizara ya Mambo ya Nje ilimjibu kwamba amechelewa. Akabaki mjini, akawa mhudumu katika jumba la starehe la Haus Vaterland, na akafundisha Kiswahili kama msaidizi katika chuo cha lugha mjini humo. Kati ya wanafunzi wake walikuwemo watu waliojiandaa kwa siku ambayo makoloni yangerudi.

Katika filamu ya mwaka 1934 iitwayo Die Reiter von Deutsch-Ostafrika, aliigiza kijana mwanafunzi wa mawasiliano ya ishara jeshini, yaani kazi ileile aliyoifanya utotoni mwake. Mwaka 1937 alionekana kidogo katika Zu neuen Ufern, iliyomtangaza mwigizaji na mwimbaji Zarah Leander. Nafasi yake kubwa kuliko zote ilikuja katika Carl Peters ya 1941, ambamo Hans Albers aliigiza yule mwanzilishi wa ukoloni wa Kijerumani katika nchi yetu, naye Husen akawa Ramasan, mfuasi wake mwaminifu. Ili kujaza umati wa Waafrika, watengenezaji waliwaleta pia mateka weusi wa jeshi la Ufaransa, ambao bila shaka hawakuulizwa kama wanaipenda hadithi hiyo.

Si haki, hata hivyo, kumchukulia Husen kama kikaragosi tu. Alidai malipo yake, aligombana na wakubwa wake chuoni hadi akaacha kazi mwaka 1941, na aliomba nishani ya wapiganaji wa vita akanyimwa. Mwenzake Louis Brody wa Douala, Kamerun, aliyeanza kuigiza tangu zama za filamu zisizo na sauti na kupata nafasi nzito zaidi, aliigiza pia katika Carl Peters na akaishi hadi 1951.

Husen hakupata bahati hiyo. Alikuwa na mke Mjerumani, Maria Schwandner, waliyeoana mwaka 1933, lakini uhusiano wake na mwanamke mwingine wa Kizungu ndio uliowapa polisi wa siri sababu ya kumkamata mwezi Agosti 1941, miezi michache tu baada ya Carl Peters kuanza kuonyeshwa. Kosa lake liliitwa kuichafua damu ya Kijerumani. Hakufikishwa mahakamani, alipelekwa moja kwa moja katika kambi ya mateso ya Sachsenhausen, kaskazini mwa Berlin, akafia humo tarehe 24 Novemba 1944.