Je, wajua? Kushinda kesi hakumpi mwenye nyumba ruhusa ya kuvunja kufuli

Miaka yote mimi nilijua hivi: mwenye nyumba akishinda kesi anachukua hukumu yake, anaita vijana wawili, kufuli linavunjwa, basi. Nilikosea kabisa, na hapa Kampala nakutana na wengi wanaoamini hivyo, wenye nyumba na wapangaji pia. Kwamba huwezi kumtoa mpangaji bila amri ya korti, hilo watu wameshalisikia, limo kwenye sheria ya wenye nyumba na wapangaji ya 2022. Kinachowapita ni kwamba hata amri ikishatoka, mwenye nyumba haitekelezi kwa mkono wake.

Chukulia pesa za simu. Mesej imeingia, laki tano ni zako na hakuna anayebisha, lakini noti hazitoki kwenye simu, mpaka uende kwa ajenti. Hukumu ndiyo hiyo mesej. Mpangaji akigoma, aliyeshinda anarudi kortini kuomba utekelezaji, korti inatoa waranti, yaani hati ya kutekeleza hukumu, na hiyo inakwenda kwa beilifu, yule dalali wa mahakama mwenye leseni. Ina tarehe ya kurudishwa, beilifu lazima aieleze korti amefanya nini, na tarehe ikipita kabla ya kazi inabidi iombwe nyingine.

Hapa ndipo panaponivutia sana. Kanuni za kesi za madai zinamruhusu beilifu kumtoa mtu aliyebanwa na hukumu anayekataa kuhama, na akijifungia ndani, mlango unaweza kuvunjwa baada ya onyo. Mwenye nyumba akiuvunja mlango huohuo kwa nyundo hiyohiyo, amevunja sheria. Ila angalia, nimesema aliyebanwa na hukumu: mwingine aliyemo humo kwa haki yake mwenyewe anaweza kwenda kortini kujitetea.



Niliwahi kushuhudia moja mtaani kwetu. Beilifu alikuja na polisi na mwenyekiti wa LC1, baraza la mtaa, akasoma karatasi yake kwa sauti kabla ya kugusa mlango, halafu vikatoka godoro, jeriken mbili, sigiri bado ina majivu ya asubuhi, kila kitu kinaandikwa. Mwenye nyumba alikaa ng'ambo ya barabara muda wote, akapewa chumba chake kilipokuwa kitupu.