Shamba la marehemu likitwaliwa na serikali: yasemwayo mtaani na sheria ilivyo

Mthamini alipofika shambani kwa babu, aliyekuwa karibu ni baba mdogo. Akasimamishwa mbele ya nyumba, akashikishwa kibao chenye namba, akapigwa picha. Mikorosho ikahesabiwa mmoja mmoja na jina lake likaandikwa kwenye fomu. Babu alishafariki miaka mingi na mirathi haikuwahi kufunguliwa. Siku hiyo hakuna aliyenung'unika. Ugomvi ulianza fedha zilipotoka.

"Aliyepigwa picha ndiye mwenye fidia." Hili limevunja udugu mwingi, kwa hiyo naanza nalo. Picha na fomu vinaonyesha nani alikutwa pale. Havimfanyi mtu mmoja kuwa mrithi wa wote. Mali ya marehemu iko mikononi mwa msimamizi wa mirathi aliyeteuliwa na mahakama, na kwa familia nyingi za Tanzania hiyo ni Mahakama ya Mwanzo. Kikao cha ukoo hupendekeza tu. Muhtasari wake, hata ukiwa na sahihi za wazee wote na mhuri wa mwenyekiti wa mtaa, haumpi mtu mamlaka ya kupokea fedha za marehemu. Na msimamizi naye asijione mwenye mali. Kazi yake ni kukusanya, kulipa madeni, kugawa, kisha kurudi mahakamani kutoa hesabu. Akikalia fedha, warithi wanaweza kwenda mahakama iliyomteua kuomba uteuzi wake ubatilishwe.

"Mabinti hawana chao kwenye ardhi ya ukoo." Mwaka 1990, Mahakama Kuu Mwanza, chini ya Jaji Mwalusanya, iliamua kuwa mwanamke wa Kihaya aliyeachiwa shamba na baba yake kwa wosia anaweza kuliuza kama mwanamume. Sheria ya Ardhi ya Vijiji ya 1999 nayo inabatilisha mila inayomnyima mwanamke haki ya kumiliki au kutumia ardhi. Shangazi akirukwa kwenye mgawo wa fidia kwa sababu ya jinsia yake, ameonewa.

Utasikia pia: "Ardhi yote ni ya serikali, utadai nini?" Ardhi ni ya umma na Rais ni mdhamini wake, lakini Ibara ya 24 ya Katiba inakataza mtu kunyang'anywa mali bila fidia inayostahili. Baba na mwanawe kutoka Mbulu, waliofyeka pori wakapata shamba kisha wakaondolewa wakati wa Operesheni Vijiji, ile kampeni ya miaka ya 1970 ya kuwahamishia watu kwenye vijiji vya pamoja, walilisimamia hilo hadi Mahakama ya Rufani. Mwaka 1994, katika kesi ya Mwanasheria Mkuu dhidi ya Lohay Akonaay na mwenzake, mahakama ilisema haki ya ardhi ya kimila ni mali inayolindwa na Katiba. Tangu 1999, fidia inatakiwa iwe kamili, ya haki na ya haraka, ikihesabu bei ya soko pamoja na usumbufu na usafiri, siyo miti na kuta tu.

Kwamba bila hati hakuna fidia, si kweli. Haki ya kimila ina hadhi sawa na ya hatimiliki. Mashahidi wa mipaka na makaburi ya wazee ni ushahidi pia.

Malipo yakichelewa msikae kimya. Sheria ya Uthamini ya 2016 inatoa miezi 6 tangu uthamini kuidhinishwa, baada ya hapo riba inaanza kuhesabiwa. Miaka 2 ikipita bila malipo, uthamini hurudiwa.

Kwenda mahakamani "sote kama familia" nako ni kupoteza nauli. Anayedai mali ya marehemu ni msimamizi, na kabla ya kuishtaki serikali hutoa notisi ya siku 90, kisha Mwanasheria Mkuu huunganishwa kwenye kesi. Ukomo wa kudai kurejeshewa ardhi ya marehemu ni miaka 12 tangu siku ya kifo, si tangu msimamizi alipoteuliwa. Madai ya fidia yana muda mfupi zaidi.

Kwetu msimamizi aliteuliwa fedha zikiwa zimeshapokelewa. Shangazi, aliyepalilia ile mikorosho tangu utotoni, bado anasubiri fungu lake, na baba mdogo hapokei simu zake.