Oili ya pampu si oili ya injini

Mteja mmoja anayeosha malori hapa Mtwara mjini aliniletea mashine yake ya kuoshea kwa presha msimu wa korosho ulipoanza, malori yamepanga foleni na presha imeshuka. Nikafungua kifuniko cha pampu. Oili ilikuwa chai ya maziwa kabisa, imekosa tangawizi tu.

"Umebadilisha oili lini?"

"Juzi tu, fundi."

Kweli alibadilisha. Ya injini.

Mashine ya presha inayotumia petroli ina matumbo mawili, na oili zake hazikutani. Injini haina mambo mengi: Honda GX160, kwa mfano, inabeba kama lita 0.58 za 10W-30 (namba hiyo ni daraja la uzito wa oili). Unamwaga baada ya saa 20 za kwanza, kisha kila saa 100 au miezi 6, injini ikiwa bado na uvuguvugu. Basi.

Pampu ndiyo inayowapiga watu chenga. Nyingi zinataka SAE 30 isiyo na dawa ya kusafisha. Oili ya kawaida ya injini imetiwa dawa inayoushika uchafu uelee mpaka uondoke na oili unapoimwaga. Adui wa pampu ni maji. Dawa ile inayakumbatia maji, mchanganyiko unakuwa mzito kama uji na kutoa povu, na povu halilainishi chuma. Oili isiyo na dawa inayaacha maji yajitenge na kutulia chini. Ila msinikariri: zipo pampu ambazo mtengenezaji mwenyewe ameandika 15W-40. Hapo fuata kitabu, usimfuate muuza spea anayesema oili ni oili.

Maji yenyewe huingia sili, ile mipira ya kuzuia maji, zikichakaa. Mengine huja na hewa. Mashine inachemka mchana, usiku inapoa, na kwa sisi wa karibu na bahari, kama kule Shangani, unyevu unaingia kupitia tundu la kupumulia na kugeuka matone humo ndani. Kwa hiyo hata mashine inayolala stoo haisalimiki.

Pampu nyingi za pistoni tatu hubadilishwa oili baada ya saa 50 za kwanza, halafu kila saa 500 au miezi 3. Anayeosha malori kutwa nzima, hizo saa 50 anazimaliza kwa wiki. Fungua nati ya chini, iache ichuruzike yote, jaza mpaka katikati ya kioo cha kuangalizia oili. Ukizidisha itajitafutia njia ya kutokea.

Ya mteja wangu niliimwaga, nikajaza mpya, nikaiendesha dakika chache, nikamwaga tena ili kuisuuza, ndipo nikajaza ya kukaa. Siku ya tatu kioo kikawa na ukungu. Hapo oili haina kosa, nikafungua pampu. Midomo ya sili ilikuwa imelika, na chembe za mchanga bado zimenasa. Alikuwa akivuta maji ya kisima bila chujio.