Ziraili ni mmoja, roho za Pemba nani anazitoa?

Juzi hapa Ngamiani tumemaliza kusoma hitma, sinia za pilau bado ziko jamvini, akaja mtoto ametumwa kutoka upande wa wanawake. "Mwalimu, bibi anauliza, Ziraili akiwa Tanga anatoa roho, ya huko Pemba anaitoa nani?" Wanaume wakacheka. Mimi sikucheka, maana swali hilo wafasiri wa Qur'ani walishalihangaikia zamani.

Kwanza jina. Ziraili hamo katika Qur'ani. Sura ya As-Sajda, aya ya 11, inamtaja kama "Malaika wa mauti" tu, aliyewakilishwa kwetu. Jina tumelipata katika masimulizi, nasi tukambandika "mtoa roho" na kuwatishia watoto wasiotaka kulala. Kulitaja si neno, ila usiape kuwa limo msahafuni.

Sasa la bibi. As-Sajda inasema malaika mmoja. Al-An'am, aya ya 61, inasema wajumbe, yaani wengi. Az-Zumar, aya ya 42, inasema Mwenyezi Mungu ndiye azichukuaye, za wanaokufa na hata za waliolala. Wanavyuoni wamezioanisha hivi: amri ni ya Mungu, mtoaji ni Malaika wa mauti, na wajumbe ni wasaidizi wake.

Ukitaka kuiona kazi yenyewe, soma hadithi ya Al-Baraa bin Azib, sahaba wa Mtume, aliyoipokea Imamu Ahmad. Malaika wenye nyuso kama jua huja na sanda na manukato ya peponi, wakakaa mbali upeo wa macho. Malaika wa mauti huketi kichwani pa muumini. Roho ikatoka kama tone mdomoni mwa kiriba, na wale wenzake hawaiachi mkononi mwake hata kitambo cha kupepesa jicho.

Ya kafiri hung'olewa kama chuma cha mishikaki ndani ya sufu, yaani manyoya ya kondoo, iliyolowa. Hapo ndipo wanafunzi wangu hupotea, kwa sababu wakisikia sufu wao wanafikiri sufi, ile ya kujazia mito ya kulalia. Sufi haishiki kitu. Basi mwaka huu nilichukua blanketi kuukuu la manyoya, nikalilowesha, nikalikunja, nikachomeka chuma chenye kutu, nikampa mmoja akivute. Alivuta mara mbili ndipo kikatoka, na nyuzi zimekizonga kote.